Habari za Kushuka kwa Pua ya Shemasi

Sogeeni, enyi mliokaa na mliosimama, na wewe pia unayejifanya unapita tu. Watoto wanyamazishwe, na kama kuna chungu motoni basi na kiungue, kwa maana kitakachosimuliwa hapa ni kizito kuliko mboga. Wengine wamesimulia miji iliyozingirwa miaka kumi, na majemadari waliovuka milima ya theluji wakiwa na ndovu. Hao walikuwa na majeshi. Mtu wetu alikuwa na mbwa mmoja, na mbwa mwenyewe siku hiyo alikuwa hataki.

Nisaidieni basi, enyi mizimu ya wote waliowahi kusema "njoo hapa" na wasisikilizwe. Nipeni pumzi ya kufika mwisho wa sentensi, kwa kuwa nyingine ni ndefu.

Katika mwaka wa 1922, mwezi wa Mei, huko Edendale pembezoni mwa Los Angeles, ilisimama ngome ya Bwana Hobart Stroud, ngome isiyo na paa wala ukuta wa nne. Juu yake yalitandwa mashuka meupe ya kulainisha jua, na chini yake zilipangwa sebule za watu wasiokuwepo, majiko yasiyopika, na benki moja iliyoibiwa kila Jumanne. Humo zilitengenezwa filamu fupi za kuchekesha, zile za kimya, ambazo mtu hupigwa sufuria ya kichwa na anayesikika ni mpiga piano wa ukumbini peke yake.

Na katika ngome hiyo aliishi Lemuel Harkin, Mtiisha-Nyumbu, Bwana wa Mijeledi Kumi na Minne, aliyemaliza ujana wake akiwaswaga nyumbu wa kukokota mawe ya migodi ya Nevada, mpaka migodi ikakauka na nyumbu wakauzwa. Ninaposema aliishi, nina maana hiyohiyo: alilala nyuma ya stoo ya mapazia, juu ya kitanda cha jela kilichobaki kutoka filamu iliyokwisha, na miguuni pake alilala mbwa wake. Hapakuwa na mahali pengine duniani palipowasubiri wawili hao.

Mbwa aliitwa Shemasi, kwa sababu ya uso wake mrefu wa kuhuzunikia dhambi za wenzake. Sikio lake moja lilisimama daima, na la pili lilikuwa limekata tamaa tangu utotoni. Katika filamu alikuwa mpelelezi: alivaa koti la mvua lenye mifuko mingi na kofia iliyofungwa kwa utepe kidevuni, akafuatilia wezi wa kuku, wa mabegi na wa masanduku ya posta. Lemuel aliigiza polisi msaidizi wake, mtu mzito wa akili anayetembea nyuma ya mbwa akishangaa. Hakuhitaji kuigiza sana.

Sasa, mbwa wa kukimbia na kuruka walikuwa wengi katika mji ule kama nzi wa sokoni. Utukufu wote wa Shemasi ulisimama juu ya tendo moja. Alama ya kiatu inaonekana kwenye matope. Mpelelezi anaikaribia. Anashusha pua polepole, kama jaji anayevaa miwani; ananusa kwa huzuni kubwa; kisha anainua kichwa na kutazama kamera moja kwa moja, kama mtu aliyesoma barua ya mwenzake na sasa anajua kila kitu. Basi. Watu kuanzia Los Angeles mpaka Chicago waliangua vicheko mpaka wakashikana mabega.

Na hapa msimulizi lazima anong'one, kwa kuwa tendo hilo lilikuwa na siri.

Zamani huko Nevada, gurudumu la gari la mgodi lilimwangukia Lemuel kwenye kidole gumba cha mguu, naye akatamka Neno. Halikuwa neno hivi hivi tu. Lilikuwa lile ambalo waswaga nyumbu hulitunza kwa dharura, wakishamaliza mengine yote. Sitaliandika, kwa kuwa mama yangu anajua kusoma. Shemasi, wakati huo mtoto wa mbwa wa miezi mitatu, alisikia Neno, akaja, akashusha pua yake kwenye kidole kilichopondeka, akanusa kwa masikitiko, kisha akainua macho kumtazama bwana wake. Tangu siku hiyo, ye yote akilitamka Neno, Shemasi humwendea na kushusha pua penye mguu wake. Kwa neno jingine lo lote, la lugha yo yote, Shemasi hashushi kitu.

Kwa miaka mitatu jambo hili halikumkosesha mtu usingizi. Fundi wa vifaa aliichora alama ya kiatu mbele ya buti za Lemuel; Lemuel, katika sare yake ya polisi, akalitamka Neno kwa sauti iliyozoea kusimamisha nyumbu ishirini kwenye mteremko; pua ikashuka; kamera ikameza; na dunia haikusikia hata chembe, kwa kuwa filamu ni ya kimya.

Dunia haikusikia. Lakini wako walioona.

Katika mji uleule alikuwepo Bi Cordelia Rusk, mwalimu wa shule ya watoto viziwi, yeye mwenyewe kiziwi tangu homa ya utotoni, mwanamke mwembamba mwenye macho yanayokaa juu ya midomo ya watu kama ndege juu ya waya. Huyo husoma midomo kama wewe usomavyo gazeti. Katika jumba la sinema yeye ndiye tajiri, na sisi wenye masikio ndio maskini tunaosubiri ubao wa maandishi utokee utuambie aliyesema amesema nini. Siku moja aliwapeleka wanafunzi wake kumi na wanne kumtazama Shemasi, iwe zawadi ya utiifu. Miaka miwili alikuwa akiwafundisha kutamka: mkono kooni, unyoya mbele ya midomo, kioo mezani. Wako ambao katika miaka hiyo miwili hawakuwa wamefikisha hata "mama".

Kesho yake asubuhi wote kumi na wanne walikuwa wakilitamka Neno. Mmoja alimwamkia nalo mchungaji aliyekuja kuikagua shule, tena kwa ufasaha.

Barua zikaja kwa Bwana Stroud kama mvua ya mawe, nyingine kutoka kwa wazazi, nyingine kutoka kwa akina mama wa kanisa ambao hawakuwa viziwi wala hawakuiona filamu. Bi Rusk aliandika mistari miwili tu: polisi amelisema mara kumi na moja, je, inawezekana apunguze?

Ndipo Stroud akatoa amri. Filamu moja zaidi, ile ya pai iliyoibwa. Bi Rusk ataketi kando ya kamera, asome midomo yote. Neno likionekana hata mara moja, Lemuel na mbwa wake watafungasha jioni hiyohiyo, na mpelelezi mpya atashika kazi. Mpelelezi huyo alikuwa ameshafika kutoka Bakersfield, ndani ya kreti: bata bukini mkubwa aitwaye Klotilda, anayefungua droo kwa mdomo na kuvaa kofia bila kulazimishwa. Mkufunzi wake, Otis Fenn, mtu mwenye shingo inayofanana na ya mwanafunzi wake, alikuwa tayari ameshapita nyuma ya stoo ya mapazia.

"Kaka," alimwambia Lemuel asubuhi ya siku ya vita, "hicho kitanda cha jela kina kunguni?"

"Wawili," akajibu Lemuel. "Ila wamezoea kulala na watu wa heshima. Sijui kama watakuvumilia."

Jua likapanda. Mashuka yakatandwa. Jiko likapangwa, dirisha likaachwa wazi mahali pai ilipochukuliwa, na mbele yake matope yakamwagwa na alama ya kiatu ikagandamizwa, safi kama muhuri wa serikali. August Veltman, mwongozaji wa filamu, Jemadari wa Kipaza Sauti cha Bati, ambaye zamani aliigiza wafalme jukwaani mpaka watu wakaacha kuja, alipanda juu ya sanduku la sabuni akahutubia jeshi lake la watu wanne.

"Enyi mashujaa wa Edendale," akanguruma ndani ya bati, "leo pai ya mjane imeibwa dirishani, na machozi ya mjane hayakauki ila kwa pua ya haki. Tazameni matope haya. Katika matope haya yumo mwizi. Katika matope haya imo sifa yetu, na mkate wetu, na jina tutakalowaachia wanetu."

"Bosi, niko hatua tatu kutoka hapo," akasema Lemuel. "Sema tu."

"Mwambie anuse, Lem. Na ulimi wako uwe msafi."

Hivyo yakaanza mapigano ambayo wanahistoria wameyapuuza, labda kwa kuwa hakuna aliyewaambia.

Shambulio la kwanza lilikuwa la adabu. Lemuel alivua kofia yake ya polisi, akainama, akasema kwa upole ambao nyumbu wa Nevada wangeufikiria ni ugonjwa, "Shemasi, tafadhali, nusa." Shemasi aligeuka nyuma kuona anaambiwa nani.

Shambulio la pili lilikuwa la hila. Fundi wa vifaa alipaka maini mabichi kwenye alama ya kiatu. Shemasi alikuja kwa haraka ambayo haijawahi kuonekana kwake, akailamba alama kutoka kisigino mpaka ncha, akaendelea kulamba mpaka pakabaki sakafu. Toivo Kallio, mzungusha kamera, Mfini anayesema mara tatu kwa siku akihesabu na salamu, aliuacha mkono wa kamera.

"Amekula ushahidi," akasema.

Shambulio la tatu lilifanywa kutoka ubavuni. Lemuel alijificha nje ya macho ya kamera, nyuma ya ukuta wa jikoni, akalipaza Neno kwa uwezo wake wote. Njiwa wawili waliondoka juu ya mashuka na Veltman akashika moyo. Naam, Shemasi alitii. Aliliacha eneo la uhalifu, akatoka nje ya picha, akazunguka ukuta, akashusha pua kwa huzuni penye mguu wa Lemuel, mahali ambapo hakuna kamera wala mjane. Kilichoingia kwenye filamu ni jiko tupu na mkia unaopita.

"Basi simama kwenye picha, uipe kamera mgongo," akaamuru Veltman. Akasimama, na hilo likawa shambulio la nne. Suruali ya sare ilikuwa imeshonwa kwa mtu wa mapana zaidi, na nyuma yake mpelelezi alitoweka mzima, kofia na koti.

Shambulio la tano lilikuwa la masharubu. Yaliletwa kutoka sanduku la mavazi ya filamu za vita vya kale: masharubu meusi, mapana kama ufagio, ya kuficha mdomo na sehemu kubwa ya tabia. Shemasi alimtazama mtu huyu mpya, akamngurumia. Lemuel akajaribu kunong'ona Neno ndani ya kichaka kile. Bi Rusk, aliyekuwa ameketi kimya kwenye kiti chake cha turubai, aliinua kidole.

"Masharubu yanasema lilelile," akasema. Sauti yake ilikuwa bapa, isiyopanda wala kushuka. "Ninasoma taya pia."

Kutoka ndani ya kreti, Klotilda alitoa mlio. Otis Fenn akamkuna shingo. "Vumilia, mama," akamwambia. "Ni leo leo."

Adhuhuri majeshi yakapumzika. Lemuel aliketi kwenye ngazi ya benki inayoibiwa, akaugawa mkate wake wenye nyama baridi sehemu mbili, ya mbwa ikiwa kubwa. Alikuwa akiihesabu miji anayoifahamu na kuona kwamba katika yote hakuna mwenye shida na mswaga nyumbu. Kivuli kikamwangukia. Bi Rusk alikuwa amesimama mbele yake na kikombe cha chai.

"Kwa nini mbwa anakutazama mdomoni?"

"Anasubiri Neno, mwalimu."

"Hapana. Anayesubiri mdomoni ni mimi. Yeye anasubiri masikioni." Akaketi ngazi ya chini yake ili amwone vizuri. "Mimi na mbwa hatuli sahani moja, Bwana Harkin. Unaweza kutulisha wote wawili. Sema mama."

"Mama."

"Sema baba."

"Baba. Mwalimu, nina nusu saa ya kula."

"Sema papa."

"Papa yupi, wa kanisa au wa baharini?"

"Ye yote." Akasubiri mpaka akamtamkia. "Kwangu mimi hao wote ni mtu mmoja. Midomo inafunga, inafunguka, inafunga, inafunguka. Darasani kwangu mama, baba na papa wamekaa kiti kimoja, na mtoto inabidi akisie nani ameamkiwa."

Lemuel aliacha kutafuna. "Na langu?"

"Lako limezaliwa katika ukoo huohuo. Kinachokuharibia ni meno. Unalimalizia kwa meno, kama unamng'ata mtu."

"Ndivyo linavyosemwa."

"Ndivyo linavyosemwa kwa nyumbu. Ficha meno. Lishushe. Liseme kama mtu anayemwita mama yake aliye chumba cha pili, na hataki kumshtua."

Lemuel alilitazama buti lake. "Mama yangu alifariki nikiwa na miaka minne."

"Basi neno bado ni jipya mdomoni mwako," akasema Bi Rusk. "Hukulichosha."

Mtiisha-Nyumbu akampa Shemasi kipande kilichobaki. Kisha akauliza kile kilichokuwa kikimkereketa. "Si umeletwa hapa kunifukuza?"

"Nimeletwa kusoma. Na yule bata nimemsoma tangu asubuhi. Hana la kusema." Akanywa chai. "Watoto wangu nimewawekea unyoya mbele ya midomo miaka miwili, hawaupulizi. Mbwa wako aliwafungua midomo kwa saa moja tu. Nataka awafungue tena, ila kwa neno ambalo naweza kuwapelekea mama zao."

Wakafanya mazoezi pale kwenye ngazi ya benki, yeye akitamka pasipo kutoa sauti, mwalimu akikosoa: meno, meno, taya, hapo sawa, meno. Nyuma ya Neno wakaunganisha maneno mawili yasiyo na madhara, na yakakaa kwenye hadithi kana kwamba yalizaliwa humo. Jicho lingesoma hivi: *Mama amepika pai.* Sikio lingesikia jambo jingine. Lakini Lemuel alijua lililobaki. Neno lile, tangu kuumbwa kwa nyumbu, halijawahi kusemwa polepole. Kwa Shemasi lilikuwa ngurumo. Nani alijua kama angelitambua likija kwa viatu laini?

Saa kumi kasorobo kivuli cha mti wa mkalitusi uliosimama nje ya ngome kilikuwa kimeshafika kwenye mguu wa meza ya mjane, na baada ya kivuli hakuna picha. Toivo alifungua tumbo la kamera, akachungulia, akaonyesha kidole kimoja. Filamu iliyobaki ilitosha jaribio moja. Matope mapya yakamwagwa. Alama ikagandamizwa mbele ya buti za polisi. Otis Fenn akafungua kreti na kumfunga Klotilda kofia, ili wakati usipotee. Bwana Stroud mwenyewe alionekana kwenye dirisha la ofisi yake, ghorofani ng'ambo ya uwanja, mikono nyuma.

Veltman alipanda sandukuni. "Enyi wana wa nuru," akaanza, "vizazi vijavyo vitauliza mlikuwa wapi saa hii—"

"Jua, bosi," akasema Lemuel.

"Zungusha," akasema Jemadari, kwa sauti ya kawaida.

Mkono wa kamera ukaanza kuzunguka. Lemuel Harkin, Bwana wa Mijeledi Kumi na Minne, alisimama juu ya matope na sare yake pana. Hakujaza kifua. Alimtazama mbwa wake, akafikiri chumba cha pili, mlango ulioachwa wazi kidogo, na mtu asiyetakiwa kushtuka. Kisha akafunga midomo, akafungua, akafunga, akafungua, na Neno lililokuwa likivunja miamba ya Nevada likatoka mdomoni mwake jepesi kama mvuke wa kikombe, bila jino hata moja, na maneno mawili nyuma yake yakilisindikiza.

Sikio la Shemasi lililosimama halikutikisika. Kamera ilikereza. Ghorofani mtu alikohoa. Lemuel alihisi jasho likianza safari kutoka chini ya kofia, na machoni mwake akakiona kitanda cha jela kikiwa na bata juu yake.

Ndipo sikio la pili, lile lililokata tamaa tangu utotoni, likainuka.

Likainuka nusu, likasita, likamaliza. Shemasi aliweka kichwa upande, kama mtu aliyesikia jina lake likiitwa na mtu ambaye siku zote alikuwa akimfokea. Akapiga hatua moja. Akapiga ya pili. Na pua, enyi mnaosikiliza, pua ile iliyokuwa imekataa adabu na kudanganyika na maini, ikaondoka katika makao yake ya juu, ikapita usawa wa goti la sheria, ikapita kifundo, ikashuka kama jua lishukavyo juu ya taifa lililomaliza kazi zake, bila haraka, bila shaka, shubiri moja, shubiri mbili, na nusu ya shubiri, ikafika kwenye matope, ikanusa. Ikanusa kwa huzuni ambayo Edendale haijawahi kuiona, kwa maana safari hii mbwa alidhani bwana wake ameumia sana kiasi cha kukosa nguvu ya kupiga kelele.

Kisha akainua kichwa, akatazama kamera, na alijua kila kitu.

Kivuli cha mkalitusi kikameza meza. Filamu ikaisha ndani ya kamera kwa mlio wa utepe unaopigapiga.

"Imeingia," akasema Toivo, na kwa kuwa hilo lilikuwa neno lake la tatu, hakusema tena mpaka kesho yake.

Veltman alishuka sandukuni akaweka kipaza sauti chini, jambo ambalo hata mkewe hakuwahi kuliona. Bi Rusk alifungua daftari lake, akaandika taarifa ya kumpelekea Stroud, nayo ilikuwa na mstari mmoja: *Polisi anasema mama yake amepika pai.* Lemuel alimpigia mbwa magoti kwenye matope, akalifuta lile sikio la pili kwa kidole gumba, na likaanguka tena mahali pake.

"Bahati tu," akasema Otis Fenn, akimfungua bata kofia.

"Wasalimie kunguni wa Bakersfield," akajibu Lemuel.

Wiki tatu baadaye, Jumamosi alasiri, filamu ilionyeshwa katika jumba dogo la sinema karibu na shule ya Bi Rusk. Wanafunzi kumi na wanne walikaa safu ya tatu, kila mmoja na mama yake, na akina mama walikaa wima kama watu waliokuja kusikiliza hukumu. Lemuel alisimama nyuma kabisa, karibu na mlango, Shemasi kati ya miguu yake na koti lake la mvua mwilini, tayari kuondoka.

Pai ikaibwa. Mjane akalia. Polisi mkubwa, akiwa ameujaza ukuta kutoka kofia mpaka buti, akafungua midomo, na midomo ile kumi na minne katika safu ya tatu ikafunguka pamoja naye. Wengine walitoa pumzi tu. Lakini mtoto mmoja wa kiume, Wendell Tuckey, wa miaka minane, ambaye unyoya wake haukuwahi kutikisika, alimgeukia mama yake, akamshika mkono wa gauni, na sauti ikamtoka, pana, nzito, isiyo na ncha, ikipita juu ya piano.

Mama yake aliweka viganja mdomoni.

"Ameniita," akawaambia wenzake, na machozi yakamwagika mpaka kwenye kola. "Mmesikia? Ameniita mama."

Nyuma kabisa ya ukumbi, Shemasi alisimama.

Lemuel alijaribu kushika koti la mvua, akakamata hewa. Mbwa alishuka njia ya katikati kwa mwendo wake wa kazi, akageuka safu ya tatu, akapita magoti ya akina mama saba, akasimama mbele ya Wendell Tuckey. Na pale, penye kiatu kidogo chenye kamba iliyofunguka, akashusha pua yake polepole, akanusa kwa huzuni kubwa.

"Tazama," akasema mama, akicheka ndani ya machozi. "Hata mbwa amefurahi."

Kutoka mwisho wa safu Bi Rusk alimtazama mbwa. Kisha akageuza kichwa, akavuka giza lote la ukumbi kwa macho yake, akampata Lemuel penye mwanga wa mlango. Akaunda swali kwa midomo, bila sauti: *Mtoto amesema nini?*

Lemuel Harkin alimwona yule mama. Akaficha meno.

"Mama," akajibu.

Bi Rusk alibaki akiitazama midomo yake muda kidogo, kama msomaji aliyefika mwisho wa ukurasa na hataki kufungua mwingine.

"Ndivyo nilivyosoma," akasema kwa sauti, na watu wawili wa safu ya nne wakamnyamazisha.

Iandikwe basi, kwa wino usiofutwa na mvua wala na wajukuu, kwamba katika mwezi wa Mei wa mwaka ule, huko Edendale, chini ya mashuka, pua ya mbwa ilishuka shubiri mbili na nusu. Falme hazikutikisika. Mito haikugeuka. Dunia ilikuwa ikielekea kwingine na ikaendelea kuelekea huko. Lakini bata alirudi Bakersfield, kwa treni ya saa mbili na robo, akiwa bado na alama ya utepe wa kofia shingoni.